Goma Ilipata Ndege, Kigali Haikupata: Kamera, Majanga ya Mbali na Sera za Nje

Katikati ya Julai 1994, watu zaidi ya 800,000 walivuka mpaka wa Rwanda na kuingia Goma, mashariki mwa nchi iliyokuwa ikiitwa Zaire, kwa siku chache tu. Ardhi ya Goma ni mwamba wa volkano. Jembe haliingii, huchimbi choo, huchimbi kaburi. Kipindupindu kikazuka, kuhara damu kukafuata, na ndani ya mwezi mmoja watu wapatao 50,000 walikuwa wamekufa. Waandishi wa habari walimiminika huko kutoka kila upande. Televisheni za Ulaya na Marekani zilionyesha maiti zilizokunjwa kwenye mikeka kando ya barabara, na tingatinga za jeshi la Ufaransa zikizisukumia kwenye makaburi ya pamoja. Tarehe 22 Julai Rais Bill Clinton akatangaza operesheni kubwa ya misaada. Ndege za jeshi zikaanza kutua, mitambo ya kusafisha maji ikafungwa, vifo vikapungua.

Mtu angeweza kuusifu mwitikio huo bila kigugumizi, kama si yaliyotangulia. Kuanzia Aprili, ng'ambo ya mpaka huohuo, watu wapatao 800,000 waliuawa kwa siku 100, wengi wao Watutsi. Ndege za kigeni zilizotua Kigali mwezi huo zilikuja kuchukua raia wa kigeni. Tarehe 21 Aprili, baada ya Ubelgiji kuondoa wanajeshi wake kufuatia kuuawa kwa askari wake kumi, Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipitisha azimio la kupunguza kikosi cha kulinda amani kilichokuwa na askari wapatao 2,500 hadi 270. Mapema Mei, Wizara ya Ulinzi ya Marekani iliulizwa kama inaweza kuvuruga mawimbi ya redio ya RTLM, iliyokuwa ikitangaza majina ya watu wa kuuawa na mahali walipojificha. Jibu la maandishi lilisema njia hiyo haitafaa, tena ni ghali: ndege ya kazi hiyo ingegharimu takriban dola 8,500 kwa kila saa ya kuwa angani.

Kuna maelezo mepesi ya tofauti hii, nayo husemwa sana: Goma kulikuwa na kamera, Kigali hakukuwa nazo. Asiyekuwepo na lake halipo. Kuna ukweli ndani yake. Waandishi wengi wa kigeni walihamishwa Kigali pamoja na raia wenzao, na wengi wa waliokuwa barani wakati huo walikuwa Afrika Kusini kwa ajili ya uchaguzi wa 27 Aprili. Picha za mauaji yenyewe yakitendeka ni chache mno. Lakini habari zilifika. Magazeti makubwa ya Magharibi yaliandika juu ya maelfu kwa maelfu wanaouawa tangu wiki za kwanza, na wanadiplomasia wa Baraza la Usalama hawakuhitaji kusubiri taarifa ya habari ya saa mbili usiku ili kujua. Kamanda wa kikosi chao cha kulinda amani, Jenerali Roméo Dallaire, alikuwa pale akiwatumia ripoti.

Goma na Kigali zilitofautiana katika kile zilichodai. Goma ilidai maji, dawa, mahema na marubani. Kigali ilidai askari walio tayari kusimama kati ya muuaji na anayeuawa, huenda wakafa. Dai la kwanza hutimizwa na idara ya misaada na kikosi cha usafirishaji. Dai la pili humlazimu rais kuwaeleza wapiga kura kwa nini kijana wao amerudi ndani ya jeneza.

Kwa hiyo mjadala wa miaka 30 na zaidi kuhusu vyombo vya habari na sera za nje, ambao kwa kawaida huuliza kama picha zinawasukuma viongozi, naona huanza na swali lililopinda. Picha huwasukuma, ndiyo, mara kwa mara. La kuuliza ni huwasukuma kufanya nini.

Nadharia iliyozaliwa jangwani

Wazo kwamba televisheni imeziteka sera za nje lilishika kasi mwaka 1991. CNN, iliyoanzishwa mwaka 1980, ilikuwa imetangaza vita vya Ghuba moja kwa moja kutoka Baghdad, na ghafla ilionekana kwamba mawaziri na watazamaji wa kawaida wanapata habari kwa wakati mmoja, kwenye kioo kilekile. Boutros Boutros-Ghali, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alinukuliwa akiilalamikia CNN kwamba imekuwa mwanachama wa 16 wa Baraza la Usalama lenye wanachama 15. Wasomi wakaipa hali hiyo jina: athari ya CNN.

Ushahidi wa kwanza ulionekana kukubaliana nao. Machi 1991 Wakurdi wa kaskazini mwa Irak waliasi dhidi ya Saddam Hussein, wakashindwa, wakakimbilia milimani kwenye baridi kali. Rais George Bush, yule baba, mwanzoni hakutaka kujiingiza. Alikuwa ametoka kumaliza vita na alitaka askari wake warudi nyumbani. Picha za vichanga wakifa kwenye miteremko ya mpaka wa Uturuki zikaanza kuonyeshwa kila jioni. Tarehe 5 Aprili Baraza la Usalama likapitisha azimio namba 688, na katikati ya mwezi wanajeshi wa Marekani, Uingereza na Ufaransa wakawa wanatenga eneo salama ndani ya Irak kwenyewe. Sera iligeuka juu chini ndani ya wiki mbili. Nani angekataa kwamba kamera ndiyo iliyoigeuza?

Tatizo ni wale ambao hawakuokolewa. Mwezi uleule, Washia wa kusini mwa Irak waliasi vilevile, wakapondwa vilevile na jeshi lilelile, wakafa kwa makumi ya maelfu. Hawakupata eneo salama. Unaweza kusema hapakuwa na kamera kusini, na ni kweli. Lakini angalia pia mpaka wa Iran, ambako Wakurdi zaidi ya milioni moja walikimbilia, wengi kuliko waliokwama upande wa Uturuki. Wao nao walipata msaada kiduchu. Uturuki ilikuwa mwanachama wa NATO, ilikuwa na Wakurdi wake ambao ilikuwa ikipigana nao, na haikutaka hata kidogo kuwapokea nusu milioni wengine. Iliufunga mpaka na kuwabana washirika wake watafute njia ya kuwarudisha watu hao Irak. Picha zilikuwa na nguvu. Zilikuwa pia upande mmoja na maslahi ya mshirika muhimu. Iran haikuwa na mshirika wa kumbana.

Nani alitangulia Mogadishu?

Somalia ndiyo kesi inayotajwa kuliko zote, na ndiyo iliyochunguzwa vizuri kuliko zote. Usiku wa Desemba 9, 1992, wanamaji wa Marekani walitua ufukweni Mogadishu wakiwa wamejipaka rangi usoni na kushika bunduki tayari kwa mapambano, wakakuta wanasubiriwa na wapiga picha wenye taa kali. Kwa wengi tukio hilo lilikuwa muhtasari wa zama mpya: televisheni imetangulia, jeshi linafuata. George Kennan, mwanadiplomasia mzee aliyebuni sera ya Marekani ya kuudhibiti Muungano wa Sovieti, aliandika katika New York Times Septemba 1993 kwamba nchi iliingizwa Somalia na hisia zilizochochewa na televisheni, na kwamba serikali inayoongozwa hivyo imeachia madaraka yake.

Kisha watafiti wakafanya kazi ya kuchosha ambayo wachambuzi huikimbia: kuhesabu. Steven Livingston na Todd Eachus walizipanga taarifa za televisheni na magazeti ya Marekani kwa tarehe, wakaziweka kando ya tarehe za maamuzi ya serikali. Kabla ya katikati ya Agosti 1992 Somalia ilikuwa karibu haimo kwenye habari. Tarehe 14 Agosti Bush alitangaza ndege za jeshi za kubeba chakula, zilizofanya kazi kutoka Mombasa, na ndipo taarifa zikafumuka. Zikapungua tena Septemba na Oktoba. Zikapanda upya Novemba, serikali ilipokuwa imeanza kujadili kupeleka askari. Wakati wote huo kusini mwa Sudan kulikuwa na vita na njaa ya kutisha vilevile, na kwa kuwa Washington haikuwa na mpango nayo, waandishi nao hawakwenda.

Nani basi aliifikisha Somalia mezani kwa rais? Sehemu kubwa ya kazi ilifanywa na watu wasioonekana kwenye televisheni. Idara ya misaada ya dharura ilikuwa imepiga kelele tangu mwanzo wa mwaka. Seneta Nancy Kassebaum na Seneta Paul Simon walilisukuma suala hilo bungeni. Na Julai, balozi wa Marekani nchini Kenya, Smith Hempstone, alitembelea kambi za wakimbizi wa Kisomali kaskazini mwa Kenya, akaandika ripoti aliyoipa kichwa cha siku moja jehanamu. Ilifika hadi kwa Bush, akaisoma. Cha kuchekesha, kama kuna la kuchekesha hapa, ni kwamba Hempstone huyohuyo baadaye alipinga vikali kupelekwa kwa askari. Aliionya wizara yake kwamba walioipenda Beirut wataipenda Mogadishu, akikumbusha wanajeshi 241 wa Marekani waliouawa kwa bomu Beirut mwaka 1983. Ripoti ya kwanza ilisikilizwa. Ya pili haikusikilizwa.

Novemba 1992 Bush alikuwa ameshindwa uchaguzi na alikuwa anabanwa afanye jambo kuhusu Bosnia, ambako majenerali wake waliona mtego. Somalia ilionekana rahisi: hakuna jeshi rasmi la kupambana nalo, kuna bandari, kuna chakula kinachohitaji kulindwa barabarani. Picha za njaa zilikuwa zikisukuma mlango ambao tayari umeegeshwa.

Lance Bennett, mtaalamu mwingine wa habari na siasa, alikuwa ameshaeleza mwaka 1990 kwa nini mambo huenda hivi. Upana wa mjadala kwenye vyombo vya habari hufuata upana wa mjadala miongoni mwa wakubwa. Wakubwa wakiafikiana, habari huwa na sauti moja. Wakizozana, kila upande hupata waandishi wake. Sababu si njama. Mwandishi wa mambo ya nje anashinda kwenye vyumba vya mikutano vya wizara, anasafiri kwa ndege za mashirika ya misaada au za jeshi, na mhariri wake atakubali kugharimia safari ya mbali kama kuna dalili kwamba nchi yao inahusika. Ukitaka kujua kwa nini janga fulani limeingia kwenye habari wiki hii, angalia kwanza ni ofisa gani alilisema wiki iliyopita.

Ila nadharia hiyo nayo ina ukomo wake. Kuna nyakati serikali haina sera kabisa, au ina sera mbili zinazovutana, na hapo picha moja inaweza kuamua. Bosnia ilikuwa hivyo kwa miaka mitatu. Februari 5, 1994 kombora liliua watu 68 kwenye soko la Markale mjini Sarajevo. Ndani ya siku chache NATO ikawapa Waserbia waliouzingira mji amri ya kuondoa mizinga yao mizito. Wale waliokuwa wakidai hatua kali ndani ya serikali za Magharibi walipata picha ya kuwekea hoja waliyokuwa nayo siku nyingi. Mwaka mmoja na nusu baadaye, Srebrenica, mji uliotangazwa na Umoja wa Mataifa kuwa eneo salama, ulitekwa na wanaume na wavulana wapatao 8,000 wakauawa. Kamera za kigeni hazikuwapo.

Njaa isiyo na siasa

Rudi nyuma miaka kumi, Ethiopia. Tarehe 23 Oktoba 1984 BBC ilionyesha ripoti ya Michael Buerk kutoka Korem, na picha zake zilipigwa na Mohamed Amin, Mkenya, mmoja wa wapiga picha hodari kupata kutokea Afrika. Alfajiri ya baridi, uwanda uliojaa watu wamejifunika shuka, maiti zikipangwa mstari. Hakuna taarifa ya televisheni iliyowahi kufungua mifuko ya watu namna ile. Mwezi mmoja baadaye wanamuziki walikuwa wameanza kurekodi nyimbo za kuchangisha, na Julai 13, 1985 tamasha la Live Aid likatazamwa dunia nzima.

Tume ya misaada ya Ethiopia yenyewe ilikuwa imeomba chakula mapema mwaka 1984. Wafadhili walisita, kwa kuwa utawala wa Mengistu Haile Mariam ulikuwa rafiki wa Moscow, na utawala huo nao ulikuwa umeshughulishwa na sherehe za kifahari za miaka kumi ya mapinduzi. Baada ya ripoti ya Korem, Rais Ronald Reagan wa Marekani alisema mtoto mwenye njaa hajui siasa, na msaada wa Marekani ukapanda sana.

Maneno mazuri. Yalifungua maghala ya nafaka, na maelfu ya watu wako hai kwa sababu yake. Lakini njaa ile ilikuwa ya kisiasa tangu juu hadi chini. Ukame ulikuwapo, ndiyo. Lakini njaa ilikita hasa Tigray na Wollo, ambako jeshi la serikali lilikuwa likipigana na waasi, likishambulia masoko kutoka angani, likizuia biashara ya nafaka. Picha za Korem hazikuonyesha hayo. Kamera huonyesha mtu anayekufa, haionyeshi amri iliyomfanya akose chakula. Dunia ikaelewa kwamba adui ni mvua. Serikali ya Mengistu ikapata fursa ya kuwahamisha watu wapatao 600,000 kutoka kaskazini kwenda kusini magharibi, wengi kwa nguvu, na magari na chakula cha msaada vikatumika kwenye zoezi hilo. Tawi la Ufaransa la Madaktari Wasio na Mipaka lilipopaza sauti, Desemba 1985 likafukuzwa nchini. Mashirika mengine mengi yalinyamaza, yakihofia kupoteza nafasi ya kusaidia.

Janga linapopita kwenye kamera, huchujwa. Kinachobaki ni mwili: mbavu, midomo iliyopasuka, nzi. Na mwili hudai chakula na dawa. Sehemu iliyochujwa, yaani nani anamfanyia nani na kwa silaha za nani, ndiyo inayodai sera. Kwa hiyo serikali inayopenda kuonekana inatenda bila kugusa sera hupata njia iliyosafishwa tayari.

Goma ilionyesha hilo kwa ukatili. Miongoni mwa wakimbizi walikuwamo viongozi, wanajeshi na wanamgambo wa Interahamwe waliofanya mauaji ya kimbari, na kambini wao ndio walioshika ugawaji wa chakula. Tawi lilelile la Ufaransa la Madaktari Wasio na Mipaka liliondoka Novemba 1994 kwa kukataa kuwalisha wauaji. Aliyepaswa kuwatenga wauaji na wakimbizi ni Baraza la Usalama, ambalo halikupata nchi za kutoa askari wa kazi hiyo. Maji yaliendelea kutiririka kambini kwa miaka miwili, mpaka majeshi ya Rwanda na washirika wake yalipozivamia mwaka 1996, na Kongo ikaingia kwenye vita ambavyo mashariki mwake bado havijaisha.

Darfur, magharibi mwa Sudan, nayo ilikuwa na jambo lisilo la kawaida: habari zilikuwapo, na neno zito kuliko yote lilitamkwa. Septemba 9, 2004 Colin Powell, Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani, aliliambia Bunge kwamba mauaji ya kimbari yametendeka Darfur. Katika hotuba hiyohiyo akaongeza kwamba hitimisho hilo halilazimishi hatua yoyote mpya. Fedha za misaada zilitoka kwa wingi, kikosi kidogo cha Umoja wa Afrika kikaachwa kulinda eneo lenye ukubwa unaokaribia Ufaransa.

Nani huonekana, na kwa muda gani

Haya yote ni kuhusu majanga yaliyobahatika kuonekana. Mengi hayabahatiki, na sababu zake ni za ovyo kuliko mtu anavyodhani. Wanauchumi wawili wa Sweden, Thomas Eisensee na David Strömberg, walichunguza majanga ya asili yapatayo 5,000 ya kati ya 1968 na 2002. Yaliyotokea wakati wa michezo ya Olimpiki, au habari nyingine kubwa zilipojaza televisheni za Marekani, yalipata nafasi ndogo ya kutangazwa, na kwa hiyo nafasi ndogo ya kupewa msaada wa serikali ya Marekani. Walikadiria pia kwamba ili janga la njaa lipate nafasi sawa ya kutangazwa na mlipuko wa volkano uliomuua mtu mmoja, linahitaji kuua watu karibu 40,000. Volkano hulipuka saa fulani, siku fulani. Njaa haina siku.

Na siku inapopatikana, mara nyingi huwa imechelewa kwa mujibu wa kanuni zenyewe. Ili wataalamu watangaze baa la njaa, lazima kaya 20 katika kila 100 ziwe zimekosa chakula kabisa, watoto 30 katika kila 100 wawe na utapiamlo mkali, na watu wawili katika kila 10,000 wawe wanakufa kila siku. Kwa maneno mengine, tangazo ni cheti cha kifo cha watu wengi. Kusini mwa Somalia lilitolewa Julai 20, 2011. Ndipo kamera zikaja, ndipo fedha zikaja. Maonyo yalikuwa yametolewa tangu mwaka uliotangulia. Utafiti wa baadaye ulikadiria vifo 258,000, nusu yake watoto wa chini ya miaka mitano, na sehemu kubwa ya vifo hivyo ilikuwa imetokea kabla ya tangazo. Sheria za Marekani za kupambana na ugaidi zilikuwa zimeyatia mashirika hofu ya kufanya kazi kwenye maeneo ya al-Shabaab. Kikwazo hicho kilijulikana. Hakikupigwa picha, kwani hakipigiki.

Kuna upande wa pili pia, wa mafuriko ya fedha. Tsunami ya Desemba 26, 2004 iliua watu wapatao 230,000, na watalii wengi walikuwa na kamera zao mkononi. Michango ilikuwa mikubwa kiasi kwamba siku chache baada ya tukio, Madaktari Wasio na Mipaka waliwaomba watu waache kuwatumia fedha za tsunami kwa sababu walikuwa na za kutosha.

Muda nao ni mfupi. Septemba 2, 2015 mwili wa mtoto mdogo wa Kikurdi kutoka Syria ulipatikana ufukweni Bodrum, Uturuki. Picha ilizunguka dunia usiku huohuo. Michango kwa mfuko wa wakimbizi wa Syria wa Msalaba Mwekundu wa Sweden ilipanda mara nyingi, na baada ya takriban wiki sita ilikuwa imerudi karibu na ilipokuwa. Siku tano baada ya picha, David Cameron, Waziri Mkuu wa Uingereza wakati huo, alitangaza kwamba Uingereza itapokea Wasyria 20,000 hadi mwaka 2020. Ukiisoma ahadi hiyo polepole utaona kwamba watu hao wangetoka kwenye kambi za nchi jirani na Syria. Waliokwishavuka bahari kama familia ya mtoto yule walivyojaribu kuvuka hawakuhusika. Na Machi 18, 2016 Umoja wa Ulaya ulifikia makubaliano na Uturuki ya kuwarudisha wanaovuka. Picha ilidumu miezi sita na nusu. Sera ya mpaka ilikuwa na subira zaidi.

Kuna mwelekeo mmoja ambao picha huufanikisha kwa wepesi wa kushangaza, nao ni kuondoka. Oktoba 1993 wanajeshi 18 wa Marekani waliuawa Mogadishu na mwili wa mmoja wao ukaburutwa mitaani mbele ya kamera. Ndani ya siku nne Clinton alitangaza kwamba majeshi yatarudi kabla ya mwisho wa Machi 1994. Hakuhitaji bajeti mpya, wala mshirika, wala kura ya Baraza la Usalama. Wiki moja baada ya Machi hiyo kwisha, mauaji yalianza Rwanda, na hakuna Washington aliyetaka kusikia habari ya kurudi Afrika na bunduki.

Baada ya simu za mkononi

Lilikuwapo tumaini, hasa kuanzia 2011, kwamba simu zingemaliza tatizo. Kila mtu angekuwa mpiga picha, pasingekuwa na pa kujificha. Syria ilikuwa vita vilivyorekodiwa na raia wenyewe kwa kiwango kisichopata kuonekana. Agosti 2013 ulimwengu uliwaona watoto wa Ghouta wakikata roho kwa gesi ya sumu, na siku nane baadaye Bunge la Uingereza likakataa hatua za kijeshi kwa kura 285 dhidi ya 272, bado likiviwaza vita vya Irak vya 2003. Aprili 2017, baada ya picha kama hizo kutoka Khan Sheikhoun, Donald Trump alirusha makombora 59 usiku mmoja, akisema vifo vya watoto vimemgusa. Sera ya Marekani kuhusu Syria haikubadilika asubuhi yake.

Gaza imeumaliza ubishi. Israeli imewazuia waandishi wa kigeni kuingia kwa uhuru tangu Oktoba 2023. Waandishi wa Kipalestina wamerekodi wenyewe, na kamati ya kimataifa ya kuwalinda waandishi, CPJ, imesema haijawahi kurekodi vita vilivyoua waandishi wengi kiasi hicho tangu ianze kuhesabu mwaka 1992. Picha hazikukosekana. Machi 2024 Marekani ilianza kudondosha chakula kwa ndege. Mei ikaunganisha gati la kuelea ufukweni, lililogharimu kama dola milioni 230, likavunjwa na mawimbi, likafanya kazi kwa siku zipatazo 20, likaondolewa Julai. Chakula kilidondoshwa na gati likajengwa na serikali ileile iliyokuwa ikiipa Israeli mabomu, na ambayo ingeweza kuishinikiza ifungue vivuko vya barabarani vilivyokuwa kilomita chache tu kutoka hapo. Sijui mfano ulio wazi kuliko huu wa picha kuzaa msaada badala ya sera.

El Fasher, kaskazini mwa Darfur, ulizingirwa na wapiganaji wa RSF, kundi lenye silaha linalopigana na jeshi la Sudan, kuanzia katikati ya 2024. Hakuna aliyeweza kudai hakuambiwa. Juni 13, 2024 Baraza la Usalama lilipitisha azimio namba 2736 likitaka mzingiro ukome, kura 14, Urusi ikijizuia. Agosti wataalamu walithibitisha baa la njaa katika kambi ya Zamzam, kando ya mji. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale walikuwa wakifuatilia kwa picha za setilaiti ujenzi wa tuta la udongo lililoufunga mji pande zote. Oktoba 26, 2025 mji ulianguka. Wapiganaji walijirekodi wenyewe wakiua watu na kusambaza video hizo. Picha za setilaiti zikaonyesha ardhi iliyobadilika rangi karibu na miili.

Zilifuata shutuma kutoka miji mikuu mingi. Umoja wa Falme za Kiarabu, ambao ripoti za Umoja wa Mataifa na za waandishi zimeutaja mara kwa mara kuwa unahusishwa na silaha zinazoifikia RSF, umeendelea kukanusha, na umeendelea kuwa mshirika wa kibiashara na kiusalama wa takriban kila serikali iliyotoa shutuma hizo.